Mkate wa Jibini Usioijua Ngano

Maneno "bila gluteni" yakiandikwa kwenye paketi ya mkate, mara nyingi ndani mna kitu kilichotengenezwa kiige ngano, kikashindwa. Nimenunua mikate ya namna hiyo kwa bei ya kuumiza, nikaikata, ikabomoka mezani kabla haijafika mdomoni. Leo nataka kuandika juu ya mkate ambao haujawahi kuiiga ngano, kwa kuwa walioubuni hawakuwa na ngano ya kutosha hata waiige. Unaitwa pão de queijo. Kwao ni jimbo la Minas Gerais nchini Brazil, na kiini chake ni wanga wa muhogo: muhogo huu huu unaouzwa kwa fungu pale Tandika na Kariakoo.

Kilichonipeleka jikoni ni mtoto. Binti wa dada yangu ana siliaki. Kwa mwenye ugonjwa huu, kinga ya mwili ikikutana na gluteni, protini iliyomo kwenye ngano, shayiri na rai, hugeuka na kuushambulia utumbo mwembamba wa mwenyewe. Vile vinyweleo vidogo vya ndani ya utumbo vinavyofyonza chakula hulala na kuisha, na mtoto anakula lakini hajengeki. Kabla ugonjwa haujatajwa, mtoto wetu alitibiwa minyoo, akatibiwa taifodi, akapewa dawa za kuongeza damu, na tumbo likabaki limevimba vilevile. Jibu lilipopatikana, kwanza kwa kipimo cha damu, kisha kwa kipande kidogo cha nyama ya utumbo kilichopelekwa maabara, tiba ikawa moja tu: asile gluteni maisha yake yote.

Watu wengi wameniambia kwamba haya ni magonjwa ya Wazungu. Ni kweli kwamba aliyeonyesha ngano ndiyo chanzo alikuwa daktari wa watoto wa Uholanzi, Willem Dicke, aliyeyaweka matokeo yake kwenye tasnifu ya mwaka 1950. Lakini miongoni mwa viwango vikubwa kabisa vya siliaki vilivyowahi kupimwa duniani ni vya watoto wa Kisahrawi, watu wa Sahara Magharibi, Waafrika, ambao kati ya kila watoto 100 zaidi ya 5 walikutwa nao. Katika nchi nyingi zilizopimwa kiwango ni karibu mtu 1 kati ya 100. Kwetu vipimo ni vichache, basi na wanaojulikana ni wachache.

Kusema kweli, mtoto wa pwani asiyekula ngano halali njaa. Ana wali, ana ugali, ana ndizi, ana mbaazi za nazi. Hata kwenye mikate hatukukosa kabisa: vitumbua ni vya mchele, mkate wa kumimina ni mchele na tui, na zamani mkate wa mofa ulikuwa wa mtama. Shida iko kwenye kitafunwa cha kila siku. Mandazi, chapati, skonzi, boflo, hafukeki, sambusa, vyote ni ngano. Asubuhi wenzake wanafungua vikopo vyao shuleni na yeye ana kiazi cha kuchemsha. Kiazi ni chakula kizuri, lakini mtoto wa miaka tisa anajua kuhesabu nani anakula nini.

Pão de queijo nililetewa na rafiki niliyesoma naye chuo, ambaye baadaye aliishi Belo Horizonte, mji mkuu wa Minas Gerais. Alikuja likizo na paketi ya wanga mchachu kwenye sanduku, akaniokea jikoni kwangu mikate midogo ya mviringo, ya rangi ya dhahabu, magamba yake yakivunjika kwa sauti na ndani yakivutika kwa jibini. Nikamuuliza ngano iko wapi. Akanionyesha paketi.

Ili kuelewa kwa nini watu wa Minas walioka namna hii, inabidi kurudi mwishoni mwa karne ya 17, dhahabu ilipogunduliwa katika milima ile. Maelfu ya watu wakamiminika. Mji unaoitwa Ouro Preto leo, wakati huo ukiitwa Vila Rica, ulianzishwa mwaka 1711 juu ya machimbo. Ngano haikustawi kule, na unga uliotoka ng'ambo ulipaswa kupandishwa milimani kwa nyumbu kutoka pwani ya Rio de Janeiro. Muhogo ulikuwa pale pale. Wenyeji wa Amerika Kusini walikuwa wamekwisha kuulima kwa maelfu ya miaka, wakiukuna, wakiukamua kwa tipiti, mfuko mrefu uliosukwa kwa ukindu wa kwao, na kuuacha wanga utuame chini ya maji. Wanga huo ndio uliokuwa unga wa jikoni.

Na jikoni walikuwa Waafrika. Migodi ile ilichimbwa na watumwa waliotekwa Angola, Kongo na pwani ya Afrika Magharibi, na simulizi za Minas zinawataja wapishi watumwa wa mashambani kuwa ndio walioanza kuukanda wanga kwa maziwa na mafuta na kuuoka. Kwenye njia za migodini walipita wanawake Weusi, baadhi yao watumwa na baadhi waliokwisha kujinunulia uhuru, wamebeba sinia za vitafunwa, hata watawala wa Kireno wakatoa amri kuwazuia wasiyakaribie machimbo kwa hofu kwamba dhahabu inatoroshwa chini ya mikate. Jibini iliingia baadaye. Dhahabu ilipopungua watu waligeukia ng'ombe, maziwa yakawa mengi, na katika karne ya 19 vipande vya jibini vilivyokauka vikaanza kukunwa ndani ya kinyunga. Utumwa wa Brazil haukukoma kisheria hadi mwaka 1888. Kwa hiyo mkate huu ulikomaa katika mikono ya watu ambao hawakumiliki hata jiko walilopikia. Ninaupenda, na siwezi kuupenda bila kulisema hilo.

Upande wetu wa bahari muhogo ulikuja kama mgeni. Wareno waliufikisha pwani ya magharibi ya Kongo katika karne ya 16, na kwenye pwani yetu na visiwa vyake ulienea hasa kuanzia karne ya 18. Mgeni huyo akazoea. Leo huwezi kuitaja futari bila muhogo wa nazi, na jioni ya mjini haina kitu kama muhogo wa kuchoma uliopasuliwa katikati, ukatiwa chumvi, pilipili na ndimu. Hata hivyo tunauita chakula cha njaa. Jina hilo lina historia. Serikali ya kikoloni ya Tanganyika iliwalazimisha wakulima wapande muhogo kama akiba ya ukame, na kitu unacholazimishwa kupanda kwa sababu ya njaa hukaa na harufu ya njaa kwa vizazi. Ndiyo maana mgeni akija muhogo unarudishwa kabatini na mkate wa ngano unatolewa.

Mimi ni mtu wa Tanga, na jambo moja huwa nalisimulia kwa fahari. Katika kituo cha utafiti cha Amani, kule milima ya Usambara, kuanzia miaka ya 1930 wataalamu walifanya kazi ya kuzalisha mihogo inayostahimili batobato, ugonjwa unaokunja majani na kudumaza mmea. Michirizi kahawia, ule ugonjwa unaoozesha mzizi ndani huku shina likiwa zima, ulielezwa kisayansi kwa mara ya kwanza hapa hapa Tanganyika mwaka 1936. Mbegu zilizotokana na kazi ya Amani zilisafiri hadi Nigeria na kuwa msingi wa aina nyingi zinazolimwa Afrika leo. Zao lililoangaliwa kwa bidii hiyo linastahili kukaa mezani mbele ya wageni.

Sasa tuingie kwenye kazi yenyewe.

Wengi wakisikia mkate wa muhogo wanakwenda kununua unga wa muhogo, ule wa kusongea ugali au bada. Huo ni mzizi mzima uliokaushwa na kusagwa, una nyuzinyuzi zake zote, na ukiuoka hutoa kitu kizito kisichovimba. Kinachotakiwa ni wanga peke yake. Wanga ni ule weupe unaotuama chini ya maji baada ya muhogo kukunwa na kukamuliwa. Mama zetu waliujua vizuri sana: ndio waliotilia kanzu na sare za shule zikakakamaa. Madukani siku hizi kuna paketi za wanga wa muhogo, na nyingi nilizozishika mimi zimetoka Thailand, nchi inayoongoza kwa kuuuza nje. Zinafaa, zitumie ukizipata. Ila sioni kwa nini mtu wa Muheza au Mkuranga, mwenye shamba nyuma ya nyumba, anunue wanga uliovuka bahari.

Kuutengeneza ni kazi ya asubuhi moja na jua la siku mbili tatu. Chagua mihogo mitamu, iliyochimbwa siku hiyo hiyo. Imenye vizuri, pamoja na lile ganda la pili la rangi ya waridi, ioshe, uikune kwa kikunio chenye matundu madogo au uisage kwa blenda na maji. Mimina machicha kwenye kitambaa cha pamba juu ya beseni, au kwenye kifumbu ukiwa nacho, ukamue, uongeze maji, ukamue tena, hadi maji yanayotoka yawe meupe kidogo tu. Acha beseni litulie saa nne au tano. Mwaga maji ya juu taratibu, mimina mapya, vuruga, acha litulie tena. Kule kuosha mara ya pili na ya tatu ndiko kunakoutoa wanga weupe usio na harufu. Kisha uvunje, utandaze kwenye kitambaa juani, uusugue kwa viganja ukikauka. Kilo 5 za mihogo hutoa kilo moja ya wanga, au pungufu kidogo kwa kuwa mikono haikamui kama mashine.

Hapo kwenye mihogo mitamu nasisitiza. Muhogo una kemikali ambazo mzizi ukikatwa hutoa sayanidi, na mihogo michungu inazo nyingi mno. Kukuna, kuosha na kukausha huziondoa, na wanga uliooshwa vizuri hubaki na kiasi kidogo sana. Lakini haraka katika kuandaa mihogo michungu imeleta konzo, ugonjwa unaopooza miguu, nchini Kongo, Msumbiji na hata Tanzania, hasa miaka ya ukame watu wanapokosa chakula kingine na muda wa kusubiri. Anayeanza aanze na mihogo mitamu. Na yale maji ya kwanza yamwagwe mbali, kuku na mbuzi wasiyanywe.

Wanga huo mbichi, usiochachuliwa, Wabrazil wanauita polvilho doce. Mwenzake ni polvilho azedo, wanga mchachu, na huyu ndiye anayenifurahisha kuliko kitu kingine chochote katika mkate huu. Baada ya kutuama, wanga huachwa chini ya maji kwenye matangi kwa wiki tatu, nne au zaidi. Bakteria wale wale wa jamii inayogandisha maziwa hufanya kazi yao, povu dogo hupanda, harufu ya uchachu hutoka. Kisha wanga hutolewa na kuanikwa juani. Jua ni la lazima. Huko Kolombia, katika eneo la Cauca ambako wanga wa namna hii hutengenezwa pia, watafiti walilinganisha wanga mchachu uliokaushwa juani na uliokaushwa kwa joto la oveni, na ule wa oveni haukuvimba inavyotakiwa. Tindikali ya uchachu na miale ya jua, vikifanya kazi pamoja, huikata na kuibadilisha minyororo ya wanga, na kinyunga kinapata uwezo wa kutanuka kiwe chembamba sana bila kupasuka. Kazi ambayo kwenye mkate wa ngano hufanywa na gluteni na hamira, hapa inafanywa na mvuke tu, ndani ya wanga uliolelewa na jua.

Na sisi uchachu wa muhogo tunaujua. Kanda ya Ziwa wanavundika mihogo ili kupata udaga. Ndugu zetu wa Kongo huiloweka mihogo siku kadhaa kabla ya kutengeneza kwanga. Ujuzi wa kunusa na kujua kwamba sasa imeiva upo, umekaa kwenye mikono ya watu tunaoishi nao. Kinachobaki ni kuuelekeza kwenye wanga. Mimi huuweka wanga kwenye ndoo ya plastiki yenye mfuniko usiobana, maji yameufunika kwa kina cha vidole vinne, kivulini, na siuvurugi. Ukungu wa rangi ukijitokeza juu, nyeusi au ya waridi, unamwagwa wote, hakuna kuokoa. Kipindi kizuri ni cha kaskazi, kati ya Desemba na Machi, jua linapowaka mchana kutwa. Wakati wa masika usijisumbue, utaoza kabla haujakauka.

Usipokuwa na wanga mchachu, tumia ule wa kawaida wote. Mkate utakuwa mzito zaidi na wenye kuvutika zaidi, shimo la ndani litakuwa dogo, lakini utakuwa mtamu. Wapo wanaotia mtindi ili kuleta uchachu. Ladha inapatikana, kuvimba hakupatikani.

Jibini ya asili ya mkate huu ni ile ya Minas, hasa ya milima ya Canastra na ya Serro, inayotengenezwa kwa maziwa mabichi na kuachwa ikomae. Mnamo Desemba 2024 UNESCO iliuingiza utaratibu wa kutengeneza jibini hiyo kwenye orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika. Huku kwetu hatuipati, na sidhani kwamba inahitajika. Kinachotakiwa ni jibini ngumu kiasi, yenye chumvi na iliyokaa. Njombe wanatengeneza jibini nzuri. Kenya zipo za namna nyingi. Na msomaji wa Goma au Bukavu ana bahati ambayo labda haioni: magurudumu ya jibini ya Masisi, yaliyoanzia kwa wamisionari, yana chumvi na ugumu unaofaa kabisa. Mimi huchanganya: robo tatu jibini ngumu iliyokunwa, robo mozarela kwa ajili ya ule mvuto. Chizi ya vipande vilivyofungwa kimoja kimoja kwa plastiki iache, inayeyuka na kuwa mafuta.

Kwa gramu 500 za wanga, nusu mchachu na nusu wa kawaida, ninatumia maziwa mililita 250, mafuta ya kupikia mililita 100, kijiko kimoja cha chai cha chumvi, mayai 2 au 3, na jibini iliyokunwa gramu 250. Chumvi ipungue kama jibini yenyewe ina chumvi nyingi.

Maziwa, mafuta na chumvi viende motoni pamoja hadi vichemke na kupanda. Hapo hapo mimina juu ya wanga, huku unakoroga kwa mwiko. Usisubiri vipoe hata dakika moja, maana mkate wote umesimama juu ya hatua hii. Wanga wa muhogo ukikutana na kimiminika cha zaidi ya nyuzi 60 hivi, chembe zake hunywa maji, huvimba na kupasuka, na unga uliokuwa unateleza vidoleni unakuwa kitu cha kushikana. Maziwa ya vuguvugu hayafanyi hivyo. Utaona mabonge, mengine ya kung'aa na mengine bado makavu, na utadhani umeharibika. Haujaharibika. Uache upoe mpaka mkono uvumilie, kisha uukande kwa kiganja hadi mabonge yavunjike.

Mayai yanaingia moja moja. Ukubwa wa mayai yetu ya kienyeji haufanani na wa mayai ya kisasa, kwa hiyo la tatu lipige kwenye kikombe na ulitie kidogo kidogo, ukitazama. Unataka kinyunga laini, kinachonata kidogo, lakini ukipaka mkono mafuta kinakubali kuviringishwa. Kikiwa kinamiminika, ongeza wanga vijiko viwili. Kikiwa kinapasukapasuka, ongeza yai au maziwa. Jibini inakuja mwisho, kinyunga kikiwa kimepoa, isiyeyukie bakulini.

Viringisha madonge ya ukubwa wa ndimu ndogo, uyapange kwa kuachana. Oveni iwe tayari imepata moto wa nyuzi 200. Dakika 20 hadi 25, na mlango usifunguliwe dakika 15 za mwanzo, kwa kuwa kuta za mkate bado ni laini na mvuke ndio unaozisimamisha. Toa yakishakuwa na madoa ya kahawia juu. Yakitolewa mapema yanasinyaa.

Asiye na oveni asikate tamaa. Pwani tumeoka bila oveni miaka yote. Sufuria nene yenye mchanga mkavu chini, juu yake bati lenye madonge, mfuniko wa bati, makaa machache chini na mengi juu. Atakayekuwa amewahi kupalia moto wa mkate wa kumimina anaujua moto huu tayari. Tofauti ni kwamba mikate ya jibini inataka makaa ya juu yawe makali tangu mwanzo, na sufuria iwe imepata moto kabla madonge hayajaingia. Inakosa rangi kidogo chini, na ladha ya moshi inaifaa jibini kuliko nilivyotarajia.

Kwa anayempikia mwenye siliaki kuna mambo ambayo mapishi ya kawaida hayayasemi. Chembe kidogo sana ya ngano inatosha kumrudisha mtoto kitandani. Kwa hiyo ubao wa kusukumia chapati usitumike, wala mwiko wa mbao uliokoroga unga wa ngano kwa miaka, wala chekecheke ile ile. Jikoni kwa dada tumenunua vyombo vyake na kuvitia alama ya rangi nyekundu. Wanga ukinunuliwa kwa kupimiwa gulioni, kibaba kilichochota ngano asubuhi kimekwisha kuuharibu, afadhali paketi iliyofungwa au wanga wa mikono yako. Mchanganyiko wa uji wa lishe usomwe vizuri, baadhi huwekwa ngano. Na muhogo wa kukaanga wa barabarani, ambao wenyewe hauna neno, mara nyingi umepita kwenye karai moja na mandazi. Mambo haya yalituchosha mwanzoni. Sasa yamekuwa desturi, na dada yangu anayasimamia bila kupepesa.

Minas haiko peke yake. Paraguay wana chipa, yenye mbegu za anisi, inayookwa kwa wingi wiki ya Pasaka na kuviringishwa kama pete. Bolivia wana cuñapé. Kolombia wana pandebono, ambao hutiwa pia unga wa mahindi. Ekuador wana pan de yuca, wanaokula na mtindi wa kunywa. Nimejaribu wa Kolombia kwa kutumia unga wa dona uliochekechwa, na ulikubali kwa heshima, ingawa narudi Minas kila mara. Ukitazama jamaa hii nzima ya mikate, imetapakaa katika nchi zile muhogo na ng'ombe walipokutana. Sisi tuna vyote viwili. Tuna hata na nazi, na nimeanza kubadilisha maziwa kwa tui zito la kwanza, nikipunguza mafuta kwa nusu. Mikate inatoka na harufu ya vitumbua na jibini kwa pamoja, na nadhani hapo kuna kitu cha kwetu kabisa kinachosubiri watu wa kukiendeleza. Iliki sijaithubutu. Binzari nyembamba ya kusaga, nusu kijiko, inapatana nayo vizuri.

Iliwe ya moto. Ikipoa wanga unarudi kukaza na gamba linakuwa la kutafuna kwa nguvu, ingawa dakika 5 ndani ya oveni huirudisha. Kwa hiyo Brazil wana tabia nzuri ya kuyagandisha madonge mabichi, na supamaketi zao zinauza mifuko yake. Mimi na dada tunaviringisha Jumamosi jioni, tunayapanga kwenye sinia ndani ya friza, yakishakuwa magumu tunayatia mfukoni. Asubuhi ya shule oveni inawashwa mtoto akienda kuoga. Hayahitaji kuyeyushwa kwanza, yanaongezewa dakika 5 hivi tu. Mawili anakula na chai ya tangawizi, matatu yanaingia kwenye kikopo. Wenzake walipoyaonja alikuja kuniambia, "Mama mdogo, ongeza na ya kugawa." Sasa natengeneza ya kilo nzima ya wanga, kwa mayai 5.